Mchezo Niliomchagulia Mama Mkwe

Watu huniomba ushauri wa michezo ya video kama wengine wanavyoombwa dawa ya kikohozi. Wanakuja pale ninapofanya kazi, kwenye duka la fotokopi karibu na soko, wanaegemea meza na kuniambia kwamba Jumapili watakuwa watu sita nyumbani, hawataki mchezo mgumu, wanataka kucheka tu, niwape jina. Mimi huwauliza kwanza ni nani atakayekuwa ndani ya nyumba ambaye hatacheza. Wananitazama kama mtu aliyechanganyikiwa. Si kosa lao. Mimi mwenyewe nilichelewa kujiuliza swali hilo.

Zamani nilikuwa na chumba cha play, ndivyo tunavyokiita hapa Likasi, mji wa migodi kusini mwa Kongo: chumba cha kupanga kando ya barabara, televisheni nne, mashine nne za michezo, na vijana wanaolipa kwa mchezo mmoja mmoja. Nilikuwa na miaka ishirini na sita, nimeoa mwaka mmoja uliopita, na nilijiona bwana mkubwa. Ijumaa moja, wakati wa kiangazi, simu ililia kutoka Kapolowe. Baba mkwe, aliyekuwa amestaafu kiwandani na kwenda kule kulima mahindi, alikuwa amezidiwa. Ujumbe ulisema tuje wote wawili, mke wangu na mimi.

Kapolowe si mbali. Ukipanda taksi-basi asubuhi, mchana unakula huko. Lakini kesho yake ilikuwa Jumamosi, siku ya posho kama tunavyoiita hapa, na mimi nilikuwa nimeandaa mashindano ya mpira wa play kwa vijana wa mtaa mzima. Nilijibu kwamba tutakuja Jumapili. Mke wangu alikuwa na mtoto mchanga mgongoni na aliitwa pamoja nami, basi akanisubiri. Hakunigombeza. Alikaa kitandani na mfuko wake umeshafungwa, siku nzima ya Jumamosi, na mimi nikaenda kupanga nani acheze na nani. Jumapili tulipofika tulisikia vilio tangu barabarani. Mzee alikuwa amefariki Jumamosi ile ile, alasiri.

Familia ilinitoza mbuzi. Nilimleta, akachinjwa, wazee wakasema kesi imekwisha. Chumba cha play nilikifunga kabla mwaka haujaisha. Sikuwa tena na uso wa kukaa mle. Lakini kwa mama mkwe sikuwahi kusema hata neno moja, kwa sababu sikuruhusiwa kusema naye neno lolote.

Sisi ni watoto wa Likasi, lakini babu zetu walitoka Kasai walipoandikwa kazi ya migodi, na wakaja na ukwe wao. Siku hizi familia nyingi zimelegeza. Familia ya mke wangu haikulegeza hata kidogo. Mkwe wa kiume hali na mama mkwe, hakai naye chumba kimoja, hamtazami usoni, hasemi naye. Mkikutana njiani, mmoja anapinda pembeni. Kila jambo linapitia mdomo wa mtu mwingine. Si chuki, ni heshima, na mimi niliishika miaka yote bila kulalamika, maana mtu mwenye hatia hupenda sana desturi inayomkataza kusema.

Halafu, mwaka wa kumi wa ndoa yetu, mvua zikiwa zimeanza, mama mkwe akaletwa kwetu mgonjwa. Ilikuwa ini. Daktari alimtazama, akamtazama mke wangu, akasema tumrudishe nyumbani na tumpe chochote atakachotaka.

Nyumba yetu ina sebule na vyumba viwili, na mlango wa chumba cha nyuma ni pazia tu. Huko ndiko alikolala. Mimi nilianza kula nje, kwenye kibaraza cha jikoni. Nilikohoa kabla ya kuingia ndani ili ajue mkwe anapita. Usiku nilimsikia akigeuka kitandani, mita tatu kutoka kichwani kwangu, na nikafikiri kwamba huyu mama ataondoka na sitakuwa nimemwomba msamaha kwa mdomo wangu. Hicho tu ndicho nilichokitaka. Nilimtuma mke wangu na maneno niliyoyapanga wiki nzima. Alirudi na jibu fupi.

“Anasema ile maneno ilishaisha na mbuzi.”

“Na sauti yake? Ilikuwa ya namna gani?”

“Ya muntu wa kuchoka,” mke wangu alijibu, akaenda kuosha vyombo.

Tulikuwa na marafiki watatu waliozoea kuja Jumapili kucheza: dereva wa taksi-basi, ambaye ni Mwislamu wa wazazi waliotoka Maniema; mke wake, anayeuza vitenge; na mwalimu wa shule ya msingi, kapera. Mgonjwa alipoletwa waliendelea kuja, lakini sasa walikaa kama watu wanaosubiri jeneza. Mikono katikati ya magoti, sauti chini, “anaendelea namna gani”, kisha kimya, kisha soda. Jumapili ya tatu mke wangu alitoka nyuma ya pazia akiwa na uso wa ajabu, nusu aibu, nusu kicheko.

“Mama anasema munaikala mule sawa ku kilio. Anasema, siyakufa bado. Muceze, anataka kusikia bantu banaceka.”

Basi nikapewa kazi ya kuchagua mchezo. Niliichukua kwa uzito ambao sijawahi kuupa kitu kingine chochote.

Mpira niliukataa papo hapo, na si kwa sababu ya aibu yangu peke yake. Mpira wanacheza wawili, wengine wanatazama na kugombana. Tukajaribu mbio za magari, kwenye mashine moja niliyobaki nayo kutoka chumba cha play. Dereva wetu, mtu aliyepita mashimo yote ya barabara ya Lubumbashi bila kupasua gurudumu, aliliingiza gari la kwenye televisheni mtoni mara saba. Mara ya kwanza tulicheka. Mara ya saba alikuwa ameweka mashine ya mkononi chini na kusema kwamba magari yale hayana usukani wa kweli, na mke wake alikuwa anamtuliza. Tukajaribu ule wa kupika, ambapo wachezaji wanne wanakimbizana kwenye jiko moja. Ule uliwagombanisha mume na mke hadi wakasahau kwamba kuna mgonjwa, na ilibidi niuzime. Mchezo mwepesi wa watu wengi, niligundua, si ule wenye picha nzuri. Ni ule ambao mtu asiyewahi kushika mashine anauelewa kabla soda haijaisha, na ambao anayeshindwa anacheka zaidi ya anayeshinda.

Mwalimu ndiye aliyekuwa na kompyuta, na kwenye kompyuta hiyo nilipata mchezo wa maswali. Hauhitaji mashine ya mkononi. Kila mmoja anatumia simu yake mwenyewe. Swali la kipuuzi linatokea kwenye televisheni, kila mtu anaandika jibu kwa siri kwenye simu, kisha majibu yote yanaonyeshwa bila kusema ni ya nani, na watu wanapiga kura kwa lile lililowachekesha. Mchezo unampa kila mtu picha ya mnyama badala ya jina. Maswali yalikuwa ya Kifaransa, basi mwalimu alikuwa akiyasoma kwa sauti na kuyageuza Kiswahili, na majibu pia aliyasoma kwa sauti, kwa uzito wa mtu anayetangaza matokeo ya mtihani.

Mimi nilipata tembo. Tulikuwa watano sebuleni, lakini kwenye televisheni kulikuwa na wanyama sita. Wa sita alikuwa bata. Nilidhani kompyuta yenyewe imejaza nafasi, michezo mingine hufanya hivyo, na sikuuliza.

Swali la nne lilikuwa: ni kitu gani kisichofaa kuletwa kwenye harusi? Mimi niliandika jibu refu juu ya mjomba anayehesabu vipande vya nyama. Nililipenda. Bata aliandika neno moja: bwana-harusi. Dereva aliinama hadi paji la uso likagusa meza. Kura zote zikaenda kwa bata, na mimi, ambaye nina ugonjwa wa kutopenda kushindwa, nikasema kwa sauti iliyojaa nyumba nzima:

“Ule bata hana adabu. Bamufukuze mu nyumba yangu.”

Wote walicheka isipokuwa mke wangu. Alikuwa ameshika mdomo kwa mkono. Nikaona kwamba anacheza na simu ya zamani, ile yenye kioo kilichopasuka. Simu yake nzuri haikuwepo mezani. Nikatazama pazia.

“Njo mama,” mke wangu alisema polepole, yaani ndiye mama. “Bata njo mama.”

Nadhani hakuna mtu wa asili yetu aliyewahi kufanya kosa la namna hiyo. Nilikuwa nimemwambia mama mkwe wangu, mgonjwa, chini ya paa langu, kwamba hana adabu na kwamba afukuzwe. Yule mwenye vitenge, ambaye si wa kabila letu lakini anajua desturi za kila mteja wake, akasema tu “ee Mungu” na kushusha macho. Nilitoka nje. Nilikaa kwenye kibaraza cha jikoni nikitamani mvua inyeshe juu yangu, na mvua haikunyesha.

Kosa la namna hiyo lina malipo yake, na mimi sikusubiri kuambiwa. Kesho yake nilinunua kuku jike mweupe, nikamwomba dereva awe mjumbe, kwa kuwa mtu wa nje ndiye anayefaa kazi hiyo. Alivua viatu, akasimama upande huu wa pazia na kuku akipigapiga mabawa mkononi mwake, akasema maneno niliyompa. Nilisikia kutoka jikoni. Halafu nikasikia kitu ambacho sikuwa nimekisikia miaka yote ya ndoa yangu: mama mkwe akicheka. Kicheko kikavu, kifupi, kilichoishia kwenye kikohozi.

Dereva alirudi bila kuku.

“Amepokea. Anasema mwambie tembo, bata anabakia mu nyumba. Na siku ya yenga anakuya kumupiga tena.”

Yenga ndiyo Jumapili yetu. Alikuja, na alinipiga tena. Alikuwa amesoma kwa masista wa misheni alipokuwa msichana, na aliandika maneno machache yaliyokaa sawasawa. Mke wangu aliketi naye kitandani akimshikia simu. Sisi sebuleni tulisikia kitanda kikilia, halafu jibu likatokea, halafu kicheko. Sijui niseme nini juu ya Jumapili zile. Kulikuwa na mtu anayekufa ndani ya nyumba, na mimi nilikuwa nahesabu siku nikingojea kucheza naye. Nilikuwa na furaha, na niliionea haya furaha hiyo. Mara mbili umeme ulikatika katikati ya mchezo, na tukakaa gizani mchana kweupe, mapazia yamefungwa, tukilaumu Koni, bwawa la umeme lililo karibu hivi na bado linatunyima.

Lakini alikuwa anapungua. Jibu lililochukua nusu dakika sasa lilichukua mbili. Mwalimu alijifunza kuongeza muda. Na mimi nikaanza kulala vibaya, kwa sababu njia niliyoitafuta ilikuwa imepatikana na niliiogopa. Sikuruhusiwa kusema naye, lakini tembo alikuwa anaandika na bata alikuwa anasoma. Hakuna mzee aliyewahi kukataza hilo.

Mchezo ule unamruhusu mwenye kompyuta kuongeza maswali yake. Jumamosi moja nilikwenda kwa mwalimu nikaandika swali moja, nikalificha katikati ya mengine. Sikumweleza. Alinitazama juu ya miwani yake, akaendelea kusahihisha madaftari.

Kesho yake lilitokea baada ya maswali sita au saba ya kuchekesha. Mwalimu alilisoma: “Kama ungeweza kurudilia siku moja ya maisha yako, ni siku gani?” Dereva alisema hilo si swali la kucheka. Hata hivyo waliandika. Mimi nilifuta mara tatu. Mwisho mwalimu akaanza kusoma majibu. Kulikuwa na moja juu ya siku ya kwanza ya mshahara, moja juu ya samaki aliyeponyoka akarudi majini. Alipofika kwenye langu, sauti yake ya mtihani iliisha.

“Ile siku ya posho. Ningefunga play, ningekuya Kapolowe. Munisamehe.”

Hakukuwa na siri yoyote. Wote walijua ni nani aliyekuwa na chumba cha play, na wote walijua habari ya Kapolowe. Mwenye vitenge alimtazama mume wake. Mwalimu aliniangalia kama anauliza azime kompyuta, na mimi nikatikisa kichwa. Muda wa kura ukaisha. Kwenye picha ya tembo kulikuwa na kura moja, na alama ndogo chini yake ilionyesha imetoka kwa bata.

Ningeridhika na hiyo. Ningekaa na kura ile maisha yangu yote na kuiita msamaha.

Swali lililofuata lilikuwa la mchezo wenyewe, la kipuuzi kabisa: simba akienda kwa kinyozi, atamwambia nini? Tuliandika kwa sababu hatukujua la kufanya. Nadhani niliandika “punguza pembeni”. Tukasubiri bata. Muda ukaisha, mwalimu akauongeza. Ukaisha tena. Tulisikia mke wangu akinong'ona nyuma ya pazia, “Mama, acha nikusaidie”, na tukasikia mama akikataa. Mwalimu akaongeza mara ya tatu. Kisha majibu yakatokea, na akasoma ya simba yote kwa haraka, bila mtu kucheka, hadi akafika kwenye la mwisho.

“Alikuulizia. Nilimuambia uko mu njia.”

Dereva alikunja uso. “Simba njo anaulizia nani?” aliuliza, na mke wake akamgusa goti anyamaze.

Mimi nilielewa mara moja. Jumamosi ile, nilipokuwa nikipuliza filimbi ya kuanzisha mechi za play, mzee alikuwa kitandani Kapolowe akiuliza mkwe wake yuko wapi. Na mama mkwe, ambaye alikuwa ameambiwa tangu Ijumaa kwamba sitakuja kabla ya Jumapili, alimjibu kwamba niko njiani. Alimdanganya mume wake aliyekuwa akikata roho, ili afe akijua kwamba ninakuja. Miaka yote hii nilidhani anakumbuka nilivyomkosea. Kumbe alikuwa amebeba uongo wangu, uongo ambao sikuwahi hata kuusema, na hakumwambia mtu. Hata binti yake hakujua. Mke wangu alitoka nyuma ya pazia akiwa na machozi, akasimama katikati ya sebule, akanitazama, kisha akarudi kwa mama yake.

Nililia mbele ya rafiki zangu. Sikujificha. Mwalimu alifunga kompyuta, dereva akasogea akakaa karibu nami.

Siku nne baadaye, mchana, nilikuwa kazini mke wangu aliponipigia simu. Niliacha karatasi za mteja ndani ya mashine na kupanda baiskeli ya jirani wa duka, na njia nzima sikumbuki kuipita. Nilipofika nilisahau kukohoa. Nilisimama mbele ya pazia nikihema. Ndani nilisikia pumzi yake, nzito, inayokuja na kuchelewa kurudi, na sauti ya mke wangu ikimwimbia wimbo wa kanisa chini chini.

Wimbo ukakatika. Mke wangu akachungulia pembeni mwa pazia.

“Anakuulizia,” alisema.

Desturi ilinitaka nimtume yeye aseme kwamba nimefika. Mke wangu alisubiri maneno ya kupeleka. Nilifungua mdomo na sauti ikatoka yenyewe, kubwa kuliko nilivyotaka, ikapita pazia na kuingia mle ndani alikolala.

“Niko, mama,” nikasema. “Nilishafika.”